Kaisari wa Brazil Katika Darasa la Ngumbaru

Siku ya kuniaga nilipewa dakika tano niwaambie walimu wapya jinsi ya kufundisha historia kwa watu wazima. Dakika mbili zilikwenda kwa maikrofoni iliyokataa kusema, mbili nyingine kwa keki. Katika ile moja iliyobaki nilisema asante nikaketi. Sasa niko nyumbani Donholm, nina chai na sina kengele, kwa hiyo nitawaambia yaliyobaki. Habari za vyeo nitaziacha. Waliopandishwa wanazijua, na waliorukwa wanazijua zaidi.

Nilianza kazi katika ukumbi wa mtaa karibu na Majengo, mtaa wa vibanda hapa Nairobi, nikiwa msichana wa miaka ishirini na mitatu niliyevaa viatu vya visigino ili nionekane mkubwa. Darasa lilikuwa saa nane mchana hadi saa kumi, saa ambazo soko hupoa na wateja hupungua. Niliingia nikakuta watu kama ishirini wameketi kwenye mabenchi, wote wa umri wa wazazi wangu. Mama mmoja wa makamo, aliyejitanda leso kichwani, akanitazama juu mpaka chini.

"Karibu, mwanangu," akasema. "Mwalimu amekutuma?"

"Mimi ndiye mwalimu, mama."

"Haya," akasema, akimgeukia jirani yake. "Basi tukae vizuri. Mtoto amejikaza."

Huyo alikuwa Bi Zuhura, mzaliwa wa Majengo, muuza mahamri. Kiswahili chake kilikuwa safi kuliko changu, na alinisahihisha kwa miaka kumi na minne bila kunivunjia heshima hata siku moja. Kila nilipokosea alikohoa kidogo, halafu akarudia sentensi yangu jinsi ilivyopaswa kuwa, kana kwamba anajisemea mwenyewe.

Aliyenifundisha kazi hasa ni Mwalimu Kioko, aliyekuwa msimamizi wa kituo. Baba yake alikuwa mchonga vinyago, na yeye mwenyewe alikuwa na vidole vinene vilivyovunja chaki. Wiki ya kwanza nilimlalamikia kuhusu mzee mmoja aliyekuwa hashiki herufi hata moja. Mwalimu Kioko alifungua kabati akatoa mkebe wa biskuti uliojaa miwani ya mitumba aliyonunua soko la Gikomba kidogo kidogo. Akamwita yule mzee, akamvisha miwani moja, ya pili, ya tatu. Kwa ile ya nne mzee akainama juu ya kitabu akasema, "Ala! Kumbe kuna mistari."

"Wengi wanaosema hawajui kusoma," Mwalimu Kioko akaniambia baadaye, "hawaoni tu. Kabla hujampa mtu herufi, mpe macho."

Alinifundisha mengine pia. Usisimame nyuma ya mtu mzima anapoandika, atadhani unamcheka. Usimnyooshee kidole. Usimwulize aliyekosa jana "ulikuwa wapi", mwulize "nyumbani wazima?" naye atakuambia yote. Na mtu akijua jambo kuliko wewe, kaa chini umsikilize. Hili la mwisho nililielewa nilipokutana na Brazil.

Brazil hatukuichagua. Ilitufikia kwa katoni.

Nilikuwa na mwaka wa tisa au wa kumi kazini, na tulikuwa na darasa la juu, la wale waliokwisha kujua kusoma na kutaka mtihani. Tulikuwa na wanafunzi ishirini na wanane na vitabu vya historia vitatu. Siku moja pikapu ikasimama mlangoni ikashusha katoni la msaada. Ndani mlikuwa na nakala thelathini na mbili za kitabu kimoja cha Kiswahili, kipya, bado kinanuka wino: historia ya Brazil wakati wa wafalme wake. Mwandishi alikuwa mhadhiri mstaafu wa Morogoro aliyewahi kusoma huko Brazil. Nadhani hakikununuliwa, ndiyo sababu tukapewa.

"Brazil?" nikasema. "Mwalimu Kioko, hii haimo kwenye mtihani."

"Vitabu thelathini tofauti ni duka," akajibu. "Vitabu thelathini vya aina moja ni shule. Fundisha."

Nikafundisha. Nilianza na mfalme wa Ureno aliyekimbia majeshi ya Wafaransa, akapakia familia, mawaziri na hazina kwenye meli, akahamia koloni lake. Hapo awali Brazil ilikuwa hairuhusiwi kufanya biashara na nchi nyingine ila Ureno. Mfalme alipofika tu, akafungua bandari kwa mataifa rafiki. Bi Zuhura akatikisa kichwa akasema, "Bandari zilifungwa miaka yote, amehamia yeye siku mbili, zimefunguka. Mkubwa hajui njia ni mbovu mpaka gari lake likwame."

Mfalme aliporudi kwao alimwacha mwanawe atunze nchi. Mwana akatangaza uhuru, akajiita Kaisari. Hapo sikuhitaji kueleza kitu. Wengi darasani waliishi katika nyumba za kupanga za kaunsili, na kila mtu alimjua kijana mmoja aliyeachiwa nyumba na babake aliyekwenda mashambani, akabadilisha kufuli.

"Na baba akirudi?" akauliza mtu.

"Anapiga hodi kama mgeni," akajibu mwenzake, na somo likasimama dakika tano kwa kicheko.

Kaisari huyo wa kwanza naye aligombana na watu wake, akaacha taji kwa mtoto wa miaka mitano, akaondoka. Wakubwa wakatawala kwa niaba ya mtoto, majimbo yakaasi huku na huku, mpaka wakaona heri mtoto atangazwe mtu mzima ili nchi itulie. Alikuwa na miaka kumi na minne.

"Kumi na minne!" Mzee Wafula akajipiga kofi gotini. "Wangu ana thelathini na bado anauliza ugali uko wapi."

Mzee Wafula alikuwa amefanya kazi reli tangu ujana wake mpaka kustaafu. Alikuja darasani na tai kila siku, na kitabu amekifunga kwa gazeti kisichafuke. Alimpenda sana yule Kaisari wa pili, mtu wa vitabu, mwenye ndevu nyeupe, aliyetawala karibu miaka hamsini. Tulipofika kwenye kahawa na reli, nilianza kuchora ubaoni. Mzee Wafula akavumilia, akavumilia, mwishowe akasimama.

"Mwalimu, samahani. Hiyo reli yako itaanguka."

Nikampa chaki nikaenda kuketi kwenye benchi lake. Akachora milima, mashamba ya kahawa, bandari. Akaeleza kwa nini reli hupinda mlimani, kwa nini mabehewa hushuka yamejaa na kupanda matupu. "Reli haijengwi kufuata watu," akasema. "Inafuata mzigo. Watu ndio huifuata reli. Hata sisi, mnadhani tulikuja Makongeni, kwenye nyumba za reli, kufuata nini?" Darasa lile silisahau. Nilijifunza zaidi siku ile kuliko chuoni, na miguu yangu ilipumzika.

Sasa niwaambie habari za Mama Mutua, maana ndiye hasa aliyenifanya nishike kalamu.

Mama Mutua alikuwa mjane kutoka Machakos, muuza nguo za watoto Gikomba. Alikuwa ameacha darasa mara tano na kurudi mara tano. Akili yake ilikuwa kali kama wembe, na subira yake fupi kama kiberiti. Alijua kusoma polepole, lakini kuandika hakutaka. Jina lake aliliandika, basi. Nikimpa zoezi, anasema mkono unauma, na mkono huohuo nimeuona ukifunga marobota ya nguo.

Siku hiyo tulisoma jinsi utumwa ulivyokwisha Brazil, nchi ya mwisho kuufuta katika mabara yale ya Amerika. Tulisoma ulivyokwenda hatua kwa hatua: kwanza meli za watumwa zikazuiwa, miaka ishirini baadaye ikaja Sheria ya Tumbo Huru, kwamba mtoto atakayezaliwa na mtumwa ni huru, halafu wazee wa miaka sitini wakaachiliwa. Mwishowe, Kaisari akiwa Ulaya kwa matibabu, binti yake akatia sahihi sheria fupi sana ya kuwaachilia wote. Watu wakacheza barabarani kwa siku nyingi. Wakaiita Sheria ya Dhahabu.

Mama Mutua akainua mkono.

"Mwalimu, walipewa mashamba?"

"Nani, mama?"

"Hao watumwa. Wameachiliwa, sawa. Kesho yake asubuhi wameamka. Wanaenda wapi?"

Nikageuza ukurasa. Sura iliyofuata ilihusu wanajeshi waliompindua Kaisari mwaka mmoja na nusu baadaye, wakampakia melini na familia yake. Nikarudi nyuma, nikaenda mbele. Hakuna.

"Kitabu hakisemi," nikakiri.

"Hii kitabu imeandika Kaisari alikula nini melini," akasema Mama Mutua, "na haijui watu wote hao walilala wapi? Dhahabu ilikuwa ya nani sasa?"

Mzee Wafula akageuka. "Mama Mutua, yule mzee alijitahidi. Alikuta nchi haina hata reli."

"Reli ilibeba kahawa ya nani, Mzee? Si ya watumwa?"

Mzee Wafula alifunga kitabu chake chenye jalada la gazeti, akakaa wima kama mtu aliyepigwa kofi. Mama Mutua naye akakusanya vitu vyake.

"Mimi naacha kibanda changu saa nane nije hapa," akaniambia. "Kama kitabu chenyewe hakijui, wacha niuze nguo."

Niliona anaondoka mara ya sita, na nilihisi hii ndiyo ya mwisho. Sijui nilipata wapi yale maneno. "Aliyeandika yuko hai," nikasema. "Anwani yake iko nyuma. Mwulize."

"Mwulize wewe. Wewe ndiye mwalimu."

"Swali si langu, mama. Ni lako."

Akasimama mlangoni. Bi Zuhura akasogea kwenye benchi akaacha nafasi. Mama Mutua akarudi akaketi hapo.

Barua ile ilichukua siku tisa. Sikuisimamia; nilikaa mbali nikajifanya nasahihisha. Aliandika, akafuta, akararua. Siku ya nne alinishangaza: alikuwa anamwuliza Mzee Wafula jinsi ya kuandika "mheshimiwa". Mzee akamwandikia pembeni kwa mwandiko wake wa reli, herufi zote zimesimama wima. Baadaye akaniambia, macho yakiwa dirishani, kwamba babu yake alibeba mataruma ya reli mabegani, na hakuna aliyemwuliza kama anataka. "Kwa hiyo swali la huyu mama ni la haki," akasema. "Ila angeliuliza polepole."

Nanukuu barua ninavyoikumbuka, maana nilikuwa nimeisoma mara nyingi kabla ya kuitia posta:

"Mheshimiwa Mwandishi, salamu. Mimi ni mwanafunzi wa ngumbaru. Kitabu chako nimesoma. Kaisari nimemjua, mke wake nimemjua. Watumwa wakiachiliwa hujasema walienda wapi. Walipewa shamba? Kama hawakupewa, walijenga wapi? Mimi ni mtu wa kuuza Gikomba najua kupewa uhuru bila mahali pa kuweka mzigo. Nisaidie. Wako, Ruth Kanini."

Lile jina la mwisho lilinishtua kidogo. Lilikuwa kwenye daftari langu la mahudhurio, lakini mtaani hakuna aliyelitumia. Kwa wote alikuwa Mama Mutua.

Tukangoja. Mwezi wa kwanza kila mtu aliuliza habari za posta. Mwezi wa pili waliuliza wachache. Wa tatu aliuliza Mama Mutua peke yake, kwa macho tu. Katikati ya mwezi huo akaja afisa wa elimu kukagua. Akakuta ramani ya Brazil ubaoni na Mzee Wafula akieleza bei ya kahawa.

"Mwalimu, hii iko kwenye silabasi?" akauliza.

Kabla sijafungua mdomo, Bi Zuhura akakohoa. "Baba," akasema, "sisi tumekuja hapa hatujui kusoma. Sasa tunangoja majibu ya barua kutoka kwa mwandishi wa kitabu. Silabasi inafika hapo?"

Afisa akaandika kitu kwenye faili lake. Sikuwahi kukiona, lakini hakuna aliyekuja kulifunga darasa, na mimi si mtu wa kufuatilia mafaili yaliyolala.

Ndani yangu, hata hivyo, nilikuwa naogopa. Nilikuwa nimemwambia mtu mzima kwamba akiuliza vizuri atajibiwa. Dunia haina desturi hiyo. Nilianza kutunga jibu mimi mwenyewe, kichwani, niliandike kwa jina la mhadhiri. Nilimweleza Mwalimu Kioko.

"Ukifanya hivyo," akasema, "atakuwa ameandikiwa na mtu anayemhurumia. Ngoja."

Jibu lilikuja mwezi wa tano, bahasha nene ya rangi ya udongo. Mama Mutua alikataa kuifungua mpaka wote wafike, na walipofika akakataa kuisoma kwa sauti. "Mkono umeandika, mdomo bado," akasema. Nikasoma mimi.

Mhadhiri alianza kwa kuudhika kidogo. Alisema kitabu kina sura kumi na mbili, na alidhani zinatosha. Halafu akasema alikaa na barua ile wiki nyingi, kwa sababu alipokwenda kwenye maandishi yake ya zamani alikuta jibu alikuwa nalo tangu ujana wake, na hakuona haja ya kuliandika. Hapana, hawakupewa mashamba. Tena kulikuwa na jambo moja ambalo lilimfanya aone haya. Mwaka uleule Brazil ilipozuia meli za watumwa, karibu miaka arobaini kabla ya Sheria ya Dhahabu, ilitunga pia sheria ya ardhi: tangu siku hiyo, ardhi ya serikali haipatikani ila kwa kununua. Mlango mmoja ulipofunguliwa, mwingine ukatiwa komeo. Wenye mashamba ya kahawa wakaleta wafanyakazi kutoka Ulaya. Walioachiliwa, wengine walibaki palepale kwa ujira mdogo, wengi wakaenda mijini, wakafua, wakabeba mizigo, wakachuuza barabarani, na baada ya muda wakajenga vibanda kwenye vilima ambavyo hakuna tajiri aliyevitaka.

Nje palisikika mtu akinadi sufuria.

"Kwa hiyo wamejenga Majengo," akasema Bi Zuhura.

"Mwaka uleule?" Mama Mutua akaniuliza. "Soma tena hapo."

Nikasoma tena. Akaanza kucheka, kicheko cha mtu aliyepata shilingi aliyojua kabisa kwamba aliidondosha mahali fulani.

"Nilijua!" akasema. "Nilijua kuna kitu hapo. Walifikiria mapema!"

Mzee Wafula akainuka, akarekebisha tai, akanyoosha mkono. "Mama Mutua, nimekubali. Lakini reli ilikuwa nzuri."

"Reli ilikuwa nzuri, Mzee," akasema Mama Mutua, wakashikana mikono, na darasa likapiga makofi kama bungeni. Siku ile tulikunywa chai ya tangawizi na mahamri ya Bi Zuhura mpaka mlinzi wa ukumbi akaja kuuliza kama ni harusi.

Tangu hapo Mama Mutua hakuacha tena. Aliandika kila kitu. Aliandika mashairi ya kumlalamikia diwani, aliandika matangazo ya kibanda chake kwa wino mwekundu, aliwaandikia wateja wake wa Eastleigh vijibarua vya kuchekesha. Mtihani aliufanya. Hisabati ilimwangusha mara moja, akarudi akaiangusha yeye.

Miaka miwili baada ya jibu lile, kikaja kifurushi chembamba kutoka Morogoro. Ndani kulikuwa na nakala moja ya kitabu kilekile, toleo la pili. Nilitafuta yaliyomo, nikakuta sura kumi na tatu. Sura ya mwisho iliitwa "Kesho Yake Asubuhi".

Nilikwenda nacho darasani nikakiweka mbele ya Mama Mutua, kimefunguka pale.

"Leo nasoma mimi," akasema.

Akavaa miwani. Akasoma akiwa amesimama, kitu ambacho sikuwahi kumwomba, kidole kikitembea chini ya mistari. Ilikuwa kurasa sita. Ilichukua karibu saa nzima, na watu wazima ishirini na kitu, wenye vibanda na wajukuu na maji ya kuchota, hawakukohoa. Alisoma habari za sheria ya ardhi. Alisoma habari za wafuaji na wachukuzi, na vibanda juu ya vilima. Akafika aya ya mwisho, pale mwandishi anaposhukuru, na hakubadilisha mwendo:

"Sura hii haingekuwepo bila swali la msomaji mmoja wa Nairobi, Bi Ruth Kanini, aliyeona nilichokiruka."

Alilipita jina lake kama anavyopita neno lingine lolote. Akafika kwenye nukta. Akasimama. Kidole kikarudi nyuma polepole, neno kwa neno, kikatua.

Bi Zuhura ndiye aliyeanza vigelegele. Mzee Wafula alikuwa anapangusa miwani ambayo haikuwa na vumbi. Watu walisimama juu ya mabenchi, watu wa miaka sitini, mtu akapiga meza kama ngoma, na mimi nilikuwa nalia na kucheka pamoja mbele ya wanafunzi wangu, jambo ambalo chuoni walituonya tusifanye.

Mama Mutua akainua mkono mmoja, kama mtu anayenyamazisha soko.

"Ngojeni kwanza," akasema. "Mwalimu, naomba nirudie hapo. Nilisoma kwa haraka."